Uwakala wa Marehemu

Haya, rudini mkekani. Wiki nzima mmenisema, eti nimewaacha roho juu. Si mimi, nafasi ya gazeti ndiyo ndogo. Basi tusiimalize kwa kulaumiana.

Tulikuwa nyumbani kwa Ami Mussa, La Rochelle, hapa hapa Johannesburg. Wanawake sebuleni, wanaume uani chini ya turubai, kipaza sauti katikati ili pande zote zisikie. Maya, Mmarekani wetu wa Baltimore aliyekuja kutafuta asili ya baba yake akapata na mchumba juu, kakaa na shela lake jeupe, jaketi la baridi mabegani, maana Julai ya huku haina adabu hata kwa bi harusi. Ami Mussa, mdogo wa baba yake Maya, alishamuuliza mlangoni, mbele ya mashahidi wawili, kama anaridhia kuolewa na Bakiri, fundi cherehani wa Doornfontein. Alishajibu, "Naridhia." Kilikuwa kimebaki kimoja tu: Shehe atamke, Bakiri apokee.

Na Shehe akatamka.

"Bakiri bin Hamisi, nimekuozesha Mayasa binti Muhammad, kwa uwakala nilioupokea kwa baba yake mzazi, Muhammad Mselem..."

Baba yake mzazi! Yule yule ambaye Maya amelilia kaburi lake tangu aliposhuka kwenye ndege!

Bi Chiku, mke wa Ami Mussa, alishavuta pumzi ya kigelegele. Kigelegele kikaishia kooni, kwa sababu bi harusi alisimama.

"Kaa, mwanangu," Bi Chiku alimvuta shela. "Bwana hajapokea bado. Bi harusi hasimami."

"Shehe amesema nini?"

"Amesema maneno ya ndoa. Kaa."

"Amesema uwakala wa baba yangu. Bi Chiku, si wewe uliyenifundisha? Walii wa mwanamke ni baba. Baba akifa, babu. Babu hayupo, kaka. Hakuna kaka, ami. Nikakuuliza, je, mtu akifa, uwakala wake unabaki? Ulinijibu nini?"

Bi Chiku aliliachia shela.

"Ulinijibu unakufa na mwenyewe."

Na Maya, jamani, akafanya jambo ambalo mimi sijawahi kuliona harusini tangu nizaliwe. Alikusanya pindo la shela, akafungua mlango wa nyuma, akaenda zake kwa wanaume.

Huko uani Bakiri alikuwa ameshamshika Shehe mkono, kafungua kinywa.

"Nimekubali ku..."

"Funga mdomo, Bakiri!"

Astaghfirullah zilipita chini ya lile turubai kama upepo. Mzee mmoja alimwaga kahawa kwenye kanzu ya jirani yake, na hakuna aliyeomba radhi wala aliyedai.

"Idhini yangu naiondoa," Maya alisema. Kiswahili chake ni cha darasani, hakijui kuzunguka. "Mashahidi wale wale wawili wanisikie. Naiondoa mpaka nijibiwe. Baba yangu yu hai?"

Ami Mussa aliinuka upesi, mikono mbele. "Mwanangu, Shehe ameteleza ulimi. Alikusudia kusema marehemu. Rudi ndani, baridi hii."

"Mimi niteleze?" Shehe alivua miwani. Ni mzee wa Unguja, mpole, ila usiguse elimu yake. "Mussa, wanifanya nimerukwa na akili? Jana baada ya Alasiri umenipa simu yako mwenyewe, n'kamuona mtu kwa macho yangu, kofia kichwani, majora ya vitambaa nyuma yake. N'kamuuliza, wewe ndiye baba wa Mayasa? Kasema ndiye. Waniwakilisha nimuozeshe? Kasema nakuwakilisha. Marehemu gani huyo azungumzaye kwa simu?"

"Lakini Shehe," sauti ndogo ikatoka, "tulikubaliana useme walii tu. Bila jina."

Sauti hiyo ilikuwa ya Bakiri.

Loo! Kuna watu hawajui kunyamaza hata kwa faida yao wenyewe. Maya aligeuka polepole, akamtazama mtu wake, na kanzu ile aliyoishona kwa mikono yake mwenyewe usiku na mchana ili apendeze.

"Mimi sikukubaliana na mtu," Shehe alinguruma. "Mliniomba, n'kanyamaza. Walii ana jina lake. Ndoa hutangazwa, haifichwi. Hufichwa zinaa."

"Tulikubaliana," Maya alirudia. "Nani na nani, Bakiri?"

"Maya, twende pembeni tuzungumze."

"Pembeni ndiko ulikonidanganyia. Hapa hapa. Yu hai?"

Bakiri alimtazama Ami Mussa. Ami Mussa akatazama viatu vya watu.

"Yu hai."

Maya hakuanguka. Mashoga zake wawili waliokuwa wamemfuata walijiandaa kumdaka, lakini wapi, alisimama imara.

"Na lile kaburi? Uliponipeleka, nikapiga magoti kwenye udongo, ukanisomea Yasini kwa sababu mimi nilikuwa sijui kusoma. Kila Ijumaa tulikwenda. Nani amelala pale?"

"Sijui."

"Hujui?"

"Halikuwa na jina. Ndiyo maana nililichagua."

Ningekuwa mimi, wasomaji wangu, kofi lingeshatua. Maya hakuinua mkono. Alilia tu, pale pale mbele ya wanaume wote, kilio cha mtu aliyegundua kwamba hata machozi yake ya zamani aliibiwa.

Bakiri alipiga magoti, kanzu mpya kwenye vumbi. Maneno yakamtoka yote kwa pamoja. Siku ile Maya alipoingia kwa mara ya kwanza kwenye karakana yake Doornfontein, kuuliza kama kuna anayemfahamu Muhammad Mselem wa Tanga, baharia wa zamani aliyewahi kuishi Amerika, Bakiri alijua papo hapo. Vitambaa vyake vyote hununua dukani kwa huyo huyo Muhammad! Akakimbia kumpelekea habari njema.

"Nilidhani atanikumbatia, Maya. Akanishika miguu. Mke wake anaamini yule mtoto wa Amerika alikufa mdogo. Akasema, mwambie na mimi nimekufa, aone kaburi, arudi kwao na moyo mtulivu. Nikajua utakaa kidogo uondoke. Hukuondoka. Halafu nikakupenda. Basi nikakosa pa kuanzia."

"Ungeanzia siku uliyoniambia unanipenda."

"Ningekupoteza. Lakini ndoa sikuthubutu kuichezea. Baba yu hai, ami akuozeshe bila ruhusa yake, ndoa haisihi, tutaishi haramu mimi na wewe mpaka kufa. Nikamwangukia mzee, nikamlilia, akatoa uwakala."

"Kwa hiyo ndoa ya uongo uliiogopa." Maya alifuta pua kwa shela. "Kaburi la uongo hukuliogopa."

Akamgeukia ami yake.

"Na wewe, Ami?"

"Yule ni kaka yangu, mama," Ami Mussa alisema. "Alinililia. Kaka yako mkubwa akikulilia utamwambiaje? Lakini wewe nilikupokea kwa moyo. Nimekulisha, nimekuita mwanangu. Hilo sikuigiza."

"Yuko wapi?"

Jibu lilitoka mlangoni, kwa Bi Chiku, ambaye naye alikuwa ameshaamua lawama na iwe lawama.

"Malvern. Jules Street, duka la vitambaa lenye mlango wa kijani. Hilo shela ulilovaa limetoka kwake, mwanangu. Alilikata mwenyewe."

"Chiku!" Ami Mussa alifoka.

"Chiku nini? Nimechoka. Nilimfundisha mtoto wa watu dini kwa mdomo uliojaa uongo, sasa nimechoka."

Maya alikwenda barabarani bila kuaga. Nyuma yake zilisikika kandambili zikikimbia. Ilikuwa Héritière, msusi wake, Mkongo wa Bukavu, aliyeanza kumsuka tangu alfajiri na alikuwa bado ana chanuo kichwani.

"Maya! Weye unaenda wapi na miguu? Niko na gari apa inje. Panda."

Wakapanda. Huyu Héritière anaendesha kama anafukuzwa, na siku ile alikuwa na sababu.

"Usilie, poda yote itaharibika. Aah, basi lia, lia. Kwetu, bwana akifanya ivi, ndugu wa bibi banamungojea ku njia na fimbo. Weye ndugu zako ndio bamefanya. Sasa tutamupiga nani?"

Maya alicheka huku analia. Kwenye robot nyekundu, yaani taa za barabarani, teksi ilisimama kando yao, dereva akamwona bi harusi na shela lake, akapiga honi kwa furaha. "Sharp, makoti!" Sharp ni poa, makoti ni bi harusi, kwa lugha ya huku. Abiria wote wakapunga mikono. Maya naye akawapungia, afanye nini?

"Ukimuona utamuambia nini?" Héritière aliuliza.

"Sitaki kumwambia. Nataka aniambie. Aniite mwanangu. Mbele ya watu, mara moja tu. Basi."

"Na akikukatala?"

"Hawezi. Jana alinikubali mbele ya shehe."

Héritière alikanyaga mafuta.

Duka la mlango wa kijani lilikuwa wazi. Ndani, majora mpaka darini, wateja wawili watatu wakipapasa satini, na nyuma ya meza mzee mwembamba mwenye kofia, anakata kitambaa kwa mkasi mkubwa. Maya alimtazama uso akitafuta wa kwake. Akauona kwenye paji, akauona kwenye pua, akauona hata kwenye masikio. Macho yanayotaka kitu hayakosi kukiona.

Mwanamke mnene wa makamo, ushungi wa maua, alitokea na sinia la chai. Huyo ni Samira, mke wa mzee.

"Yarabi! Bi harusi mzima dukani?" Samira alicheka. "Karibu mwanangu, karibu. Shela limefumuka? Lete hapa, dakika moja tu. Usilie, siku kama ya leo halii mtu kwa ajili ya uzi."

Mkasi ulikuwa umesimama katikati ya kitambaa.

"Tumefunga," mzee alisema.

"Tumefunga saa hizi?" Samira alishangaa. "Na hawa wateja je?"

"Huyu nitamhudumia mimi. Wewe kaangalie jikoni."

Samira alipopiga hatua mbili tatu kuelekea pazia, mzee aliinama juu ya meza akazungumza kwa Kiingereza, chinichini, kile kile cha mitaa ya Baltimore kinachomeza nusu ya maneno. Ondoka, nakuomba. Kesho nitakuja huko uliko, nitakueleza yote. Si hapa. Tafadhali, mtoto.

Maya alikuwa na umri wa miaka minne alipoisikia sauti hiyo kwa mara ya mwisho. Aliitafuta kwenye mikanda ya zamani, akaitafuta kwa wazee wa Kiswahili waliomfundisha, akavuka bahari kuja kulia kaburini pake. Leo ameipata, na inamfukuza.

"Sema Kiswahili, Baba," alisema kwa nguvu. "Mkeo asikie."

Samira aligeuka pale pale kwenye pazia.

"Amekuita nani?"

"Amechanganyikiwa huyu. Wamarekani ndivyo walivyo, kila mzee kwao ni baba."

"Umejuaje ni Mmarekani?" Samira aliuliza.

Mteja mmoja aliyekuwa anataka kuondoka aliahirisha.

Samira aliweka sinia juu ya jora, taratibu. Akamsogelea Maya, akaishika mikono yenye hina. "Jina lako nani, mwanangu?"

"Mayasa. Mayasa binti Muhammad. Kwetu wananiita Maya."

"Hapana," Samira alisema. "Hapana, mama. Mayasa alikufa kwa homa, mdogo, huko huko Amerika. Tunamsomea hitima kila Shaabani. Napika mimi mwenyewe. Mwaka huu nimechinja mbuzi."

"Na mimi nimemsomea yeye Yasini kila Ijumaa."

Wanawake wawili wale walitazamana. Sijui nani alianza kumkumbatia mwenzake, najua tu kwamba Samira ndiye aliyeachia kwanza, ili amgeukie mumewe.

"Muhammad. Huyu ni mwanao?"

"Mwanangu alikufa," mzee alisema.

Alisema hivyo, wasomaji wangu. Akimtazama usoni.

Maya alipokea neno lile bila kupepesa, ila rangi yote ilimtoka. "Kama alikufa, jana ulimwambia shehe amwozeshe nani?"

"Shehe gani?" Samira akadakia. "Kuozesha kupi?"

Maya akamweleza. Hakupamba wala hakupunguza: kaburi lisilo na jina, Bakiri, Ami Mussa, simu ya jana, uwakala. Samira alisikiliza hadi mwisho, akavua ushungi wake, akajifuta nao jasho, jambo ambalo mbele ya wateja wanaume halifanyi.

"Eish," alisema yule mteja.

"Jana baba. Leo si baba," Samira alisema. "Muhammad, yupi kati ya hao wawili ndiye mwongo? Nijue nimelala na yupi."

Mzee aliuchomoa mkasi kwenye kitambaa, akaulaza mezani. Na hapa, jamani, mimi nilidhani ataomba msamaha. Kila mtu dukani alidhani hivyo. Hata Héritière, aliyekuwa mlangoni na chanuo lake, alishaanza kulainika.

"Jina nilimpa mimi," alisema. "Jina la mama yangu. Nikambeba mgongoni, nikamwimbia, nikamlea mpaka miaka minne kwa moyo mmoja. Kisha nikajua. Jina ni langu. Damu, amuulize mama yake."

"Unasema uongo," Maya alisema.

"Nimesema mwingi sana, kweli. Nilimwambia Samira umekufa kwa sababu ilikuwa rahisi kuliko kusema nilichezewa. Jana Bakiri amelia, nikaona nikisema ndiyo utaolewa, utatulia, utanisahau. Lakini hili si uongo. Mbona nilikimbia Baltimore bila hata kuchukua viatu vyangu? Mpigie Lorraine. Mpigie sasa."

Mnaona alipomfikisha? Kama mzee anasema kweli, basi Ami Mussa si ami, Tanga si kwao, na yule bibi ambaye Maya alijivunia jina lake tangu utotoni ni bibi wa watu wengine. Kama anadanganya, basi baba yake mzazi amemzika mara mbili, na mara ya pili akiwa amesimama mbele yake.

"Mpigie, mwanangu," Samira alisema kwa upole. "Sote tusikie."

Maya alitoa simu, akaiweka juu ya satini, akafungua sauti. Baltimore ilikuwa asubuhi. Lorraine, mama yake, alikuwa ameamka kabla ya jua na kuvaa vizuri, akisubiri kuonyeshwa harusi. Simu haikulia hata mara mbili. Walizungumza Kiingereza, nawatafsiria.

"Huyo mke wa mtu!" Lorraine alipiga kelele za furaha. "Nionyeshe gauni! Mbona sikuoni? Umeshaolewa au bado?"

"Mama, nijibu kitu kimoja kwanza."

"Uliza, kipenzi changu. Leo uliza chochote."

Maya alimkazia macho mzee. Mzee hakuyakwepa.

"Muhammad Mselem ni baba yangu?"

Kicheko cha Lorraine kilikatika. Samira, ambaye Kiingereza chake ni cha kuuzia vitambaa tu, alimshika Maya mkono akingoja kusoma jibu usoni kwake. Maya aliinamia simu.

"Maya," mama yake alisema. "Nani amekwambia?"